Tishari la mizigo lililofungwa mizinga Ziwa Tanganyika: babu alikuwa sahihi au alichanganya?

#1 Mwana Kibirizi
Wakuu, habari za humu.

Babu yangu mzaa mama alikuwa mvuvi wa Kibirizi, Kigoma. Kila jua lilipozama upande wa Kongo alikuwa akinyoosha kidole na kutueleza alichosimuliwa na baba yake: kwamba katika vita vya Mjerumani, Wabelgiji walichukua tishari la kubebea mizigo, wakalifunga mizinga, likaingia ziwani kupigana pamoja na boti za Mwingereza.

Wiki iliyopita tulikuwa kwenye arobaini ya ndugu yetu, nikayasema hayo. Mwalimu mmoja wa historia akanikatisha mbele za watu. Tishari ni chombo cha kuvutwa, akasema, halina injini, litapiganaje? Eti babu alilichanganya na Liemba, ile meli kongwe ya ziwani. Nilinyamaza kwa heshima ya shughuli, lakini limenikaa rohoni. Babu hakuwa mtu wa kuongeza chumvi.

Je, lilikuwepo tishari lililopigana Ziwa Tanganyika? Na kama lilikuwepo, mbona hatulisikii?

#2 Kaa la Moto
Nimewahi siti ya mbele. Ila watu wa Kigoma bwana! Kesho mtatuambia mtumbwi wa mgebuka nao ulizamisha manowari.

#3 Mzee wa Nyaraka
Mwana Kibirizi, babu yako alikuwa sahihi. Tishari hilo lipo kwenye kumbukumbu za vita na jina lake ni Dix-Tonne, yaani "tani kumi" kwa Kifaransa. Hata jina lenyewe linakuonyesha kazi yake ya awali: chombo kinatajwa kwa uzito wa mzigo kinachobeba. Lilikuwa tishari lenye mtambo, la Wabelgiji, makao yake Lukuga, ambako leo ni Kalemie. Walilifunga mizinga na tarehe 9 Februari 1916 lilikuwemo katika msafara ulioifukuza stima ya Mjerumani, Hedwig von Wissmann.

Mwalimu wako amesahau kwamba ziwa lile halikuwa na manowari hata moja iliyojengwa kuwa manowari. Kila kilichopigana kilikuwa chombo cha kazi: stima ya abiria, stimaboti ndogo, tishari. Vita viliwakuta kazini vikawachukua.

#4 Mfipa wa Kasanga
Samahani Mzee wa Nyaraka, kwa hilo la mwisho sikubali. Liemba ilijengwa kuwa meli ya vita ya Kaiser. Ndivyo tulivyofundishwa na ndivyo watalii wanavyoelezwa.

#5 Mzee wa Nyaraka
@Mfipa wa Kasanga, watalii wanaelezwa mengi. Hebu fuata tarehe. Meli iliundwa 1913 katika karakana ya Meyer, Papenburg, ikiitwa Graf von Goetzen, jina la gavana aliyekuwepo Maji Maji ilipolipuka. Ikafunguliwa vipande vipande, ikapakiwa kwenye makasha yapatayo 5,000, ikaletwa Dar es Salaam kwa meli na kupandishwa treni mpaka Kigoma. Reli ilifika Kigoma Februari 1914, vita vikaanza Agosti. Sasa nani alijua 1913 kwamba kutakuwa na vita ziwani? Ilikusudiwa ikae mwisho wa reli, ibebe watu na mizigo. Ilishushwa majini 5 Februari 1915 na kuanza kazi Juni mwaka huo, ikiwa tayari mikononi mwa jeshi. Mzinga wake mkubwa wa milimita 105 ulitoka kwenye manowari Königsberg iliyozamishwa Rufiji Julai 1915.

#6 Nyota ya Likoni
Huku Mombasa mzinga mmoja wa hiyo Königsberg uko Fort Jesus, mkiingia mtauona. Wanafunzi wanaupanda na kupiga picha. Karibu yake kuna wa Pegasus, meli ya Mwingereza ambayo Königsberg hiyo hiyo iliizamisha pale Unguja 20 Septemba 1914. Mahasimu wawili wamelazwa uwanja mmoja.

#7 Kaa la Moto
Uzi wa tishari, watu wa pwani wameshaleta mzinga. Tutarudi lini ziwani?

#8 Fundi Boila
Turudi sasa hivi.

Nimefanya kazi karakana za vyombo vya majini miaka 19, najua kidogo habari ya matishari. Mwalimu anasema tishari haliwezi kupigana. Mimi nasema kwa kazi moja tu linafaa kuliko boti ya mwendo kasi: kubeba mzinga. Mzinga unapofyatuka unasukuma nyuma kwa nguvu. Ukiufunga kwenye boti nyembamba, mbao zinaachia na maji yanaingia. Hizo boti mbili za Mwingereza, Mimi na Toutou, zilikuwa za futi 40, za mbao, na mzinga wa mbele ungeweza kufyatuliwa kuelekea mbele tu bila kuivunja boti. Tishari lina tako bapa, pana, limezoea tani za mzigo. Unaweka nguzo chini ya sitaha mpaka kwenye mkuku, unafunga bamba la chuma juu, unakaza boliti. Likifyatua linatikisika tu kama mtu aliyepiga chafya.

Ubaya wake ni mmoja: mawimbi. Kusi kikichachamaa tako bapa linapigwapigwa kama sinia, huwezi kulenga kitu. Na mwendo wake ni wa ng'ombe.

#9 Bint Ujiji
Fundi umenikumbusha mbali. Nikiwa na miaka tisa nilipanda Liemba na mama kutoka Kigoma kwenda Kipili. Kwenye vijiji vingi hakuna gati, meli inasimama majini usiku, inapiga honi, na kiza chote kinajaa taa za mitumbwi. Wanagombania kufika ubavuni kwanza. Nilimwona mwanamke anapandishwa kwenye mlango wa ubavuni, mtoto mgongoni, mkono mmoja umeshika kamba na mwingine umeshika kuku. Chini yake mtumbwi unapanda na kushuka. Winchi inanyanyua magunia ya dagaa huku mtu mmoja amesimama juu ya magunia hayo hayo hewani akitoa amri.

Nilikuwa nalala nimegusa ukuta wa chuma. Chini ya rangi unahisi vichwa vya ribiti, vimepangwa safu kwa safu, vya mviringo kama shanga. Mama akaniambia hivi vilipigwa Kigoma na watu wa kwetu. Tangu siku hiyo nikisikia "meli ya Mjerumani" moyo unakataa kidogo.

#10 Lukuga
Jambo kwenu wote. Miye niko mtu wa Kalemie. Uzi huu unanihusu maana tishari lilikuwa la kwetu.

Mnasema Wabelgiji "walichukua" tishari. Mjue hali yao. Agosti 1914 Hedwig ilikuja ikaipiga stima yao kubwa, Alexandre Delcommune, hapo hapo pwani ya Lukuga, ikawa haifai tena. Nchi yao kule Ulaya imeshakaliwa. Hakuna meli itakayotumwa. Hivyo tishari halikuchaguliwa kwa uzuri wake, @Fundi Boila. Ndilo lililobaki.

Na kuna watu hamjawataja. Boti za Mimi na Toutou zilitoka Cape Town kwa reli hadi Fungurume, kutoka hapo zikavutwa juu ya milima ya Mitumba kwa injini za mvuke na ng'ombe, kisha reli fupi, kisha mto Lualaba, kisha reli tena hadi Lukuga. Njia milimani haikuwepo. Ilikatwa na watu wetu, mamia kwa mamia, wakajenga madaraja ya magogo zaidi ya mia, maji yalipokosekana ya kutia kwenye injini wanawake wakayabeba kichwani. Vitabu vina jina la kila Mwingereza, hata la mpishi. Majina ya waliobeba maji hayapo.

#11 Kaa la Moto
Hapo umenigusa Lukuga. Heshima kwao.

Ila nina swali la kitoto: boti iliitwa Mimi? Askari akiulizwa "nani amepiga kombora" anajibu "Mimi"?

#12 Mzee wa Nyaraka
@Kaa la Moto, si Kiswahili. Kamanda wao, Spicer-Simson, alitaka kuziita Paka na Mbwa kwa Kiingereza, wakubwa wa jeshi la majini wakakataa. Akaleta Mimi na Toutou, milio ya paka na mbwa kwa namna ya Kifaransa. Wakapitisha. Na boti ya Mjerumani waliyoiteka baadaye wakaiita Fifi.

#13 Bint Ujiji
Bibi yangu angesikia "Mimi imeshinda, Fifi imeshinda" angeuliza ni kibao gani cha taarabu.

#14 Dogo wa Mwaloni
Mnaongea kana kwamba ziwa ni Tanganyika tu. Huku Mwanza stima za mizigo na abiria za reli ya Uganda nazo zilifungwa mizinga: Winifred, Kavirondo, Nyanza. Mjerumani alikuwa na tagi moja tu, yaani boti ya kuvutia vyombo vingine, inaitwa Muansa. Septemba 1914 tagi hiyo moja iliifukuza Winifred pale Karungu ikiwa na askari ndani! Ilibidi Winifred irudi na mwenzake. Kwa hiyo chombo cha kazi kupigana si ajabu hata kidogo.

#15 Mmatengo
Na Nyasa je? Pale Liuli, Mjerumani alipaita Sphinxhafen, stima Hermann von Wissmann ilikuwa imepandishwa nchi kavu kutengenezwa. Tarehe 13 Agosti 1914 ikaja Gwendolen ya Mwingereza, nahodha Rhoades, ikaipiga. Nahodha Mjerumani alikuwa rafiki yake wa kunywa naye. Habari za vita hazijamfikia. Akapiga kasia na kimtumbwi kwenda kumgombeza rafiki yake, akakamatwa mateka. Wazee wa Liuli hawachoki kuisimulia.

Mtajiuliza majina: Hermann alikuwa gavana, Hedwig ni mkewe. Mume akawekwa Nyasa, mke Tanganyika.

#16 Mwana Kibirizi
Asanteni sana, sijategemea haya yote. Lakini sehemu ya pili ya swali langu bado. Kama Dix-Tonne lilikuwemo siku ile ya Hedwig, kwa nini tunasikia Mimi, Toutou na Fifi tu?

#17 Mfipa wa Kasanga
Rahisi. Mimi na Toutou ndizo zilizozizamisha stima za Mjerumani, Kingani na Hedwig. Tishari lilikuwa la kubebea mabaharia watakaozama.

#18 Mzee wa Nyaraka
Turekebishe. Kingani haikuzamishwa ikaisha. Ilipigwa 26 Desemba 1915, mapigano hayakuzidi dakika 11 hivi, ikavutwa ufukweni, ikazibwa, ikafungwa mzinga mkubwa zaidi na kupewa jina Fifi. Chombo kimoja kimefanya kazi ya Mjerumani na ya Mwingereza ndani ya majira mamoja ya mvua. Na Toutou haikuwepo siku ya Hedwig, ilikuwa mbovu. Siku hiyo walikwenda Mimi, Fifi, Dix-Tonne na boti ndogo.

Maelezo yangu: Hedwig ilipoona mambo yamegeuka ilikimbia. Mimi ilikuwa na mbio lakini mzinga wake mdogo haukufika. Ikawa inaichokoza, Hedwig inageuka kuijibu, inapoteza mwendo, Fifi inakaribia. Fifi ilifika mahali imebakiwa na makombora matatu tu, na mzinga ukakwama kwanza. Ndipo wakapiga boila. Vita vilikuwa vya mbio, na tishari la tani kumi halina mbio. Halikuandikwa kwa sababu lilichelewa.

#19 Lukuga
Hapana Mzee. Halikuandikwa kwa sababu aliyeandika ni Mwingereza. Magazeti ya London yalitaka Waingereza 28 na kamanda wao aliyevaa sketi. Tishari la Wabelgiji lenye mabaharia weusi lingeharibu hadithi hiyo.

#20 Fundi Boila
Mimi nina sababu ya tatu, na nawaomba msiidharau. Tishari likimaliza vita linarudi kazini. Mizinga inafunguliwa, matundu ya boliti yanazibwa, kesho yake linapakia saruji. Hakuna anayeweka jiwe la ukumbusho juu ya tishari. Limekwisha tumika mpaka chuma kikaliwa. Liemba imekumbukwa kwa kuwa ilikataa kufa.

#21 Mbeba Maboksi
Salaam kutoka kaskazini ya Ujerumani. Nimesoma kimyakimya mpaka #20, sasa siwezi kunyamaza.

Fundi, huku Ulaya mambo ya matishari yanakuunga mkono nusu na kukupinga nusu. Mwaka 1940 Hitler alipotaka kuvuka kwenda Uingereza alikusanya matishari ya mito, ya Rhine, Uholanzi, Ubelgiji na Ufaransa, kama 2,400. Katika kila matatu, moja tu lilikuwa na injini, mawili yalikuwa ya kuvutwa tu. Wakayakata omo na kuweka milango ya kushushia vifaru. Mito ikakosa vyombo vya makaa na nafaka, viwanda vikalalamika. Uvamizi ukaahirishwa, mengi yakarudishwa kupakia makaa. Nani anayataja? Hapo uko sahihi.

Lakini mwaka huo huo, Mei na Juni, Waingereza walipeleka matishari ya tanga ya mto Thames kuokoa askari Dunkirk, kwa sababu ile ile uliyosema, tako bapa linaloweza kukaa ufukweni. Moja linaitwa Pudge, la 1922. Lilikuwa linavutwa na tagi pamoja na mengine mawili, wakakanyaga bomu la majini. Tagi na yale mawili yakapotea, Pudge likarushwa juu na kutua likielea. Baada ya vita lilirudi kubeba mizigo, na leo bado lipo, liko Maldon, Uingereza, watu wanalitunza kama mtoto. Kwa hiyo tishari linaweza kukumbukwa. Inategemea liko mikononi mwa nani.

#22 Bint Ujiji
Sentensi yako ya mwisho nimeisoma mara tatu. Papenburg je, umewahi kufika?

#23 Mbeba Maboksi
Nimefika. Mji mdogo, mbali na bahari, mto Ems mwembamba. Karakana ya Meyer ipo mpaka leo na inaunda meli za kitalii kubwa kuliko mtaa. Nilisimama pale nikawaza makasha 5,000 yakienda Kigoma. Walitumwa mafundi wa Kijerumani watatu, mkubwa wao Anton Rüter. Wengine wote waliopiga ribiti zile alizogusa Bint Ujiji ni watu wa huko kwetu.

#24 Mfipa wa Kasanga
Basi nikubali kwamba ilizaliwa meli ya abiria. Lakini mwisho wake tusibishane: ndege za Wabelgiji ziliipiga ikazama.

#25 Mzee wa Nyaraka
Tubishane tu mkuu, maana si hivyo. Ndege zilikuja Juni 1916 zikadondosha mabomu Kigoma. Lakini meli ilizamishwa na Wajerumani wenyewe, 26 Julai 1916, kwa amri ya kamanda Zimmer, siku mbili kabla ya Wabelgiji kuingia mjini. Wakati huo mizinga yake ya maana ilikwisha ondolewa ikaenda kwa jeshi la nchi kavu, na mahali pake pakawekwa mzinga wa mti wa kutishia.

Rüter na wenzake walipaka mitambo yote grisi nzito, wakajaza mchanga, wakaizamisha taratibu.

#26 Kaa la Moto
Kwa nini upake grisi kitu unachokizamisha?

#27 Fundi Boila
Kwa sababu ameiunda kwa mikono yake. Fundi hawezi kuiua kazi yake, anailaza. Mimi sihitaji ushahidi mwingine.

#28 Mzee wa Nyaraka
Mimi nasema ni hesabu. Walitegemea kushinda Ulaya na kurudi kuichukua.

#29 Lukuga
Na mahali je? Wengine wanasema ghuba ya Katabe, wengine mdomo wa Malagarasi. Kutoka moja hadi nyingine ni mwendo. Tuliokuwa ng'ambo tuliambiwa Malagarasi.

#30 Mwana Kibirizi
Wazee wa huku wanasema Katabe, na wanaonyesha kwa mkono. Babu pia.

Wabelgiji waliishika Kigoma mpaka 1921 na waliiibua, ikazama tena kwa dhoruba. Mwingereza ndiye aliyeiinua 1924, na 16 Mei 1927 ikaanza kazi kwa jina la Liemba. Boila za mvuke ziliwaka mpaka miaka ya 1970 ilipowekwa dizeli. Grisi ilifanya kazi, iwe ya upendo au ya hesabu.

#31 Mfipa wa Kasanga
Hapo mwisho mimi ndiye mwenye mali. Liemba ni jina la ziwa kwa watu wa kusini, huku kwetu. Livingstone alipofika 1867 alilikuta linaitwa hivyo. Na Spicer-Simson nimesoma alifika hapa Kasanga, Bismarckburg ya wakati huo, Juni 1916, akaogopa mizinga ya ngome, akangoja. Wajerumani wakaondoka usiku kwa majahazi. Mizinga ilikuwa ya mti!

#32 Dogo wa Mwaloni
Mti Kigoma, mti Kasanga. Mjerumani alikuwa na seremala hodari.

#33 Lukuga
Woga huo ndio maana Spicer-Simson hakuigusa Goetzen pia, ilipokuja kesho yake kuitafuta Hedwig. Aliiona, akakaa bandarini. Watu wetu walishangaa.

#34 Mzee wa Nyaraka
Siku ile mzinga wa milimita 105 bado ulikuwa wa chuma, Lukuga. Boti za mbao dhidi ya meli ya mita 71. Sioni woga hapo.

#35 Lukuga
Wewe huoni. Wabelgiji waliona, na waliudhika.

#36 Bint Ujiji
Kabla hamjagombana: @Mwana Kibirizi, babu aliwahi kusema tishari lenyewe lilikuwaje?

#37 Mwana Kibirizi
Alisema jambo moja tu. Kwamba usiku wa maji kutulia wavuvi walilisikia kabla ya kuliona. Mlio wa mashine, tu-tu-tu, unakuja polepole, wakazima taa zao wakalala chini ndani ya mitumbwi mpaka limepita.

Hiyo nitampelekea mwalimu.

#38 Fundi Boila
Kama walisikia mashine basi mwalimu ameanguka. Tishari lilikuwa na mtambo wake.

#39 Kaa la Moto
Au ni mashine ya boti iliyokuwa inalivuta?

#40 Fundi Boila
Kaa la Moto, rudi #3 usome tena. Halafu niambie, wavuvi wa Kibirizi wasioijua sauti ya boti na ya tishari uliwaona wapi?